Dokumentari ya majaribio: weka sharti kabla hujanunua kamera

Kijana mmoja wa Wete, Pemba, ameniandikia wiki hii, na ujumbe wake unafanana na mingi inayonifikia. Anataka kutengeneza dokumentari za majaribio, anayo kamera ya kupigia harusi, anauliza anunue ipi nyingine ili aanze. Ndugu yangu, usinunue. Kamera yenye kurekodi 1080 au 4K, inayokubali kuwekwa kila kitu kwa mkono na yenye tundu la maikrofoni inatosha kwa filamu yako ya kwanza na ya tatu. Kinachokosekana, karibu kila mara, ni sharti.

Wengi wetu huokota mabaki ya shoti, wakageuza rangi, wakatia muziki wa huzuni, wakasema ni majaribio. Hayo ni mabaki tu. Jaribio ni sharti unalojiwekea kabla ya kutoka nyumbani, ukalitii hata linapokuumiza, kisha ukatazama limekuonesha nini.

Chukua karafuu. Huchumwa, huchambuliwa makonyo (vijiti vyake), huanikwa kwenye majamvi siku tatu hadi tano za jua zuri, zikatoka kwenye kijani na wekundu hadi kahawia iliyokolea, na uzito wake ukabaki kama theluthi moja. Sasa weka sharti: kamera isimame pahala pamoja juu ya jamvi, kila baada ya saa tatu irekodi dakika moja, na kusiwe na shoti nyingine yoyote. Mchumaji asikike, uso wake usionekane. Pigilia vijiti vitatu ardhini pale miguu ya tripodi inapokaa, kwa sababu utaiondoa usiku na lazima irudi palepale. Funga mizani ya rangi nyeupe kwenye 5600K, kipimo cha mwanga wa mchana, na uwangavu uuweke kwa mkono. Ukiiachia kamera ijichagulie, itasawazisha rangi kila saa, na mabadiliko uliyoyafuata Pemba yatafutwa na mashine yako mwenyewe. Mvua ikija, watu watakimbilia majamvi na fremu itabaki tupu. Usizime. Shoti hiyo ndiyo itakayoibeba filamu.

Bahari inawapotezea watu muda kuliko kitu chochote. Kila mtu anataka kina mama wanaolima mwani Paje au Jambiani, kule Unguja, maji yamekupwa mbali, na jua ndiyo kwanza linachomoza. Havikutani. Siku za bamvua, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, maji hukauka zaidi karibu saa nne asubuhi, jua limeshakuwa kali. Kupwa kwa alfajiri na alasiri huja siku za maji mafu, na siku hizo maji hayaendi mbali. Saa ya kupwa nayo husogea kwa kama dakika hamsini kila siku. Kwa hiyo ratiba yako iandikwe kwa kufuata mwezi wa angani, na umuulize mkulima mwenyewe, maana anaijua bila kusoma jedwali lolote. Kama mwanga wa saa nne ni mkali, basi ukali huo ndio mwanga wa kazi ya mwani, na filamu ya kweli iukubali.

Kuukubali kuna hesabu yake. Rekodi fremu 25 kwa sekunde, na shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, iwe sekunde 1/50. Umeme wetu ni wa hezi 50, hivyo ukiingia ndani penye taa za tyubu, shata ya 1/60 itakuletea mistari inayopanda na kushuka kwenye picha. Nje, kwa ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) 100 na tundu la lenzi likiwa f/5.6, utahitaji kichujio cha ND, kioo cheusi cha kupunguza mwanga, cha stopu nne (kila stopu hupunguza mwanga kwa nusu), na juu ya mchanga mweupe tano. Kamera inayoanzia ISO 800 inataka tatu zaidi. Bila kichujio utapandisha shata, na mikono itaonekana inakatikakatika. Hiyo mikono ndiyo kazi yenyewe: kidole gumba kinabana kishada cha mwani kwenye kamba, kijikamba kinazungushwa, fundo linakazwa bila kuangaliwa na mazungumzo hayakatiki. Shoti moja kwa kamba moja nzima, tangu fundo la kwanza hadi la mwisho. Hilo nalo ni sharti zuri.

Usibadilishe lenzi ufukweni. Ukirudi, futa mwili wa kamera kwa kitambaa kilicholoweshwa maji baridi yasiyo na chumvi, kisha kikavu. Ukitoka kwenye chumba chenye kiyoyozi, iache kamera ndani ya mfuko uliofungwa nusu saa kabla ya kuifungua nje, vinginevyo unyevu utaganda ndani ya lenzi, na ukungu utaota hapo.

Sauti ndiyo inayotenganisha wanaojua na wanaobahatisha. Rekoda ndogo iwe 48 kHz, biti 24, vilele vya sauti visivuke dB −12. Wakati wa upepo wa kusi, kisponji kinachokuja na maikrofoni hakifai kitu. Weka kofia ya manyoya na ugeuze mgongo wako kwenye upepo. Kila mahali rekodi dakika mbili za sauti ya pale bila mtu kusema. Na andika saa za adhana kwenye daftari. Mji Mkongwe misikiti iko karibu karibu, waadhini hawaanzi kwa pamoja, na ukikata picha katikati ya adhana, sauti itaruka. Mgeni hatagundua. Mzanzibari yeyote atagundua, na tangu hapo hatakuamini.

Nakili kila jioni kwenye diski mbili, na moja ilale nyumba nyingine. Kamera inayoandika megabiti 100 kwa sekunde hula gigabaiti 45 kwa saa, kwa hiyo kadi ya gigabaiti 128 haifikishi saa tatu.

Sasa kuhusu watu, na hapa sitalegeza. Kina mama wa mwani si mandhari. Anza kwa sheha, kiongozi wa eneo, kisha BASSFU (Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni Zanzibar) kwa kibali, kisha mtu mwenyewe, na ridhaa yake irekodiwe kwa sauti yake baada ya kuelezwa filamu itaoneshwa wapi. Mtu aliyelowa hadi kifuani hapigwi picha kabla hajajifunga kanga yake sawasawa. Mtoto, muulize mzazi. Muda unaowachukulia ni muda wa maji kukauka, na maji hayawasubiri, basi weka malipo yao kwenye bajeti tangu siku ya kwanza. Tumeona filamu zikizunguka ulimwengu huku waliomo hawajawahi kuziona. Inauma, na haina udhuru.

Fedha: harusi na kazi za mashirika zitakulisha, hakuna aibu. Ila uwe na siku ambazo huziuzi. Docubox, mfuko wa filamu wa Nairobi, husaidia dokumentari za Afrika Mashariki. IDFA Bertha Fund, mfuko wa tamasha la dokumentari la Amsterdam, huangalia Afrika, Asia, Amerika ya Kusini na kwingineko. Kwenye ombi la fedha, sharti lako liwe aya ya kwanza, na kipande cha mfano kiwe dakika tatu hadi tano zinazolitii, kisiwe trela yenye ngoma. Wapo watakaokwambia hii si filamu kwa kuwa haina msimuliaji. Tumeambiwa hivyo mara nyingi, tena na watu wetu wa karibu. Endelea. Usiiweke filamu YouTube kabla ya matamasha, kwani mengi yatakukataa, na omba msamaha wa ada ya kuiwasilisha kabla ya kulipa.

ZIFF, tamasha la kimataifa la filamu la Zanzibar lililoanzishwa 1997, limezoea kuonesha filamu Ngome Kongwe, uwanja wa wazi. Minong'ono hupotea pale, basi tengeneza mchanganyo wa pili wa sauti wenye sehemu za kimya zilizopandishwa kidogo. Kijijini, onesha baada ya Isha, shuka jeupe limevutwa pembe zote nne, spika mbili ziwe kando ya shuka na si kando ya projekta. Jenereta iwekwe upande upepo unakoelekea, nyuma ya ukuta, kwa waya usiopungua mita thelathini.