"Mwanangu, mkaa uliisha?"

Juzi usiku dada mmoja kanitumia meseji, anasema kanunua fileti nusu kilo ampikie mumewe siku ya anivasari yao, anataka kujua atajuaje imeiva bila kuikatakata. Nikacheka, halafu usingizi ukakata kabisa, mana swali hilohilo ndo lilinidhalilisha mimi mwaka juzi.

Ngoja niwape stori kwanza. Baba mkwe na mama walikuja Arusha kututembelea, mara ya kwanza toka niolewe, na mimi kwa kiherehere changu nikasema wali na mchuzi wanakula kila siku, leo nawapikia steki. Nimefika bucha nikaomba steki, jamaa akanipimia nyama ya paja, kumbe bucha zetu steki ni nyama yoyote isiyo na mfupa, ikabidi niseme sarara, ile nyama laini ya mgongoni, ndo tukaelewana. Nikakata vipande vinene kama vidole viwili, frampeni ikapata moto, siagi, kitunguu saumu, nyumba nzima inanukia. Kuiva nikapima kwa ule mtindo wa kwenye video, unabonyeza nyama halafu unabonyeza kiganja chini ya kidole gumba unalinganisha. Nikajiona fundi.

Mzee kakata kipande cha kwanza. Kimya. Anaangalia ule wekundu, maji yake yanatambaa mpaka kwenye chipsi, kanyanyua uso taratibu kabisa, "Mwanangu, mkaa uliisha?"

Mama mkwe hakusema neno, mama wa watu. Alikusanya sahani zote akaingia nazo jikoni, nikasikia kisu kwenye kibao, nyanya, vitunguu, baada ya dakika 40 sarara yangu ikarudi mezani ni mchuzi. Na wakaula wakashiba! Wifi yangu mpaka leo kwenye grupu la familia ananiita mama mbichi. Nimesamehe ila sijasahau.

Baada ya hapo nikawa muoga, nyama naikausha mpaka inatafunika kama kandambili, mume wangu anakula tu kwa heshima ya ndoa. Ndo nikanunua thamometa ya nyama, ile ya sindano. Na hapo napo niliaibika. Karatasi yake inasema uijaribu kwenye maji yanayochemka, isome 100. Yangu ikasoma 95. Nikairudisha dukani na maneno juu, kijana wa watu mpole akachemsha maji kwenye birika lake, akafungua nyingine, 95, akafungua ya tatu, 95. Kumbe Arusha tupo juu, kama mita 1,400 kutoka usawa wa bahari, na ukiwa juu maji yanachemka kabla ya kufika 100, hiyo 100 ni ya watu wa Dar na Tanga. Nikachukua yangu nikaondoka, hata kwaheri sikusubiri. Kwa hiyo nyie wa Arusha, Mbeya, Nairobi, ijaribuni kwenye glasi ya barafu yenye maji kidogo, isome 0, basi.

Sasa dada yangu, sikiliza. Sindano iingie ubavuni, ncha iishie katikati ya nyama, ukichoma kutoka juu utapima frampeni. Na itoe mapema, nasema tena mapema, mana ikishakaa kwenye sahani joto la ndani linaendelea kupanda digrii 3 mpaka 5, hiyo ndo siri ambayo kidole hakikwambii. Ukitaka wekundu itoe kwenye 52, ukitaka pinki itoe 58, na ukitaka isiwe na wekundu kabisa itoe 67 itafika yenyewe 71. Wizara ya kilimo ya Marekani wao wanasema kipande kizima kifike 63 kisha kipumzike dakika 3, na kwa nyama zetu hizi mimi sishuki hapo kwa wageni, tegu, yule mnyoo wa kwenye nyama, hana adabu. Kima, yaani nyama ya kusaga, ni 71 hakuna mjadala, mana ukisaga, vijidudu vya juu unavichanganya mpaka ndani. Na yale maji mekundu sio damu jamani, ni maji ya nyama na rangi yake, ila usijaribu kumweleza hivyo mzee mwenye njaa.

Ndugu zangu tuache kiburi. Tunapika ili tuonekane tumetembea, mgeni anakula kwa mateso, halafu tunasema hajui kula! Wewe ndo hujui kupika. Muulize mtu anapenda vipi, mpikie hivyo, na upime. Pima. Mimi ningeuliza siku ile nisingelia bafuni.

Jumamosi iliyopita mzee kaja tena. Yake nikaitoa 67, yangu 58, sindano naichomeka mbele ya macho yake kama nesi. Kaikata, kaigeuza kwa uma, kachungulia katikati, akaomba pilipili na ugali, akala yote na mafuta ya pembeni akayafuta kwa tonge. Hakusema kitu na mimi sikuuliza.

Wifi ndo kanifuata jikoni eti kile kidude nimenunua wapi. Nimemwambia ziliisha.