Mtu mmoja, nafasi mbili

SWALI: Nimeandika igizo fupi la mapacha na nafasi zote mbili nacheza mwenyewe, narekodi kwa simu. Nikiunganisha vipande, ukuta unaruka katikati ya picha. Nasikia kuna Mjerumani aliyefanya hivi zamani bila kompyuta. Aliwezaje?
Msomaji, Nkuhungu, Dodoma

JIBU: Bila shaka ni Paul Wegener (1874–1948), mwigizaji wa jukwaani wa kundi la mwongozaji wa tamthilia Max Reinhardt, Berlin. Mwaka 1913, katika sinema ya Der Student von Prag, alicheza mwanafunzi aliyeuza taswira yake ya kwenye kioo, akaicheza pia taswira yenyewe. Hiyo aliiandika Hanns Heinz Ewers. Kalamu ya Wegener tunaiona kwenye Der Golem ya 1915, aliyoandika na Henrik Galeen, na wote wawili wakaigiza humo. Golem, yaani mtu wa udongo, alimcheza mwenyewe, tena mwaka 1920 akamrudia.

Ujanja ulikuwa wa mpigapicha, Guido Seeber: ziba nusu ya picha, piga, rudisha filamu nyuma, ziba nusu ya pili, piga tena juu ya filamu ileile. Kamera za wakati huo zilizungushwa kwa mkono, hivyo kila mzunguko ulihesabiwa. Hesabu ikipotea, pacha mmoja anajibu kabla hajaulizwa.

Ukuta wako unaruka kwa sababu simu imesogea, au imejirekebisha yenyewe. Zima kipengele cha kutuliza mtikisiko. Gusa skrini na ushikilie mpaka mwanga na fokasi vifungwe. Upepo wa Dodoma hutikisa stendi nyepesi: ning'iniza mfuko wa mchanga katikati ya miguu yake. Anza na kumaliza kurekodi kwa rimoti au kwa kuhesabiwa muda, maana kidole tu kinatosha kuisogeza.

Mpaka wa nusu mbili uupitishe kwenye fremu ya mlango au nguzo, usivukwe na mkono wala kivuli. Piga vipande vyote viwili ndani ya dakika chache. Jua la saa kumi jioni halikungoji. Simamisha fimbo yenye alama usawa wa macho ya pacha asiyekuwepo, uitazame hiyo. Mwenzako asome majibu nje ya picha, akiacha pumzi moja kabla na baada, ndipo sauti yake ikatike vizuri.