Milioni 53 zimelipwa, deni limeshuka milioni 3: mumeo hajala hata senti

*Shangazi, shikamoo. Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Goba. Miaka minne iliyopita tulinunua nyumba kwa mkopo wa benki. Bei ilikuwa milioni 100, sisi tukatoa 20, benki ikatoa 80 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka. Mume wangu alitaka miaka 15, nikamwambia tusijibane, tukachukua 20. Rejesho ni 1,113,005 kila mwezi, analipa yeye. Mimi nashika chakula na ada. Wiki iliyopita nimekuta karatasi ya benki mfukoni mwa koti lake: deni lililobaki ni 76,912,218! Miezi 48 ya kulipa, zaidi ya milioni 53, halafu deni limepungua milioni 3 tu. Hizo nyingine ziko wapi? Nina hakika ana nyumba ndogo. Ameuza gari, hanunui nguo, viatu anapeleka kwa fundi kila mara, nikitaja saluni ananuna. Sasa ananiletea fomu za benki nyingine nisaini, eti tuhamishe mkopo kwa asilimia 14, miaka 20, rejesho lishuke hadi 956,000. Nimekataa. Kikoba changu nacho anakionea wivu, wakati mwaka jana niliweka 50,000 kila wiki, jumla 2,600,000, nikatoka na 2,750,000. Nimewaita kaka zangu, Jumamosi tuna kikao. Nidai talaka au nisubiri kikao?*

*Nimechoka, Goba*

Marahaba mwanangu. Pole kwa usiku uliokosa usingizi. Sasa chukua kalamu na simu yenye kikokotoo, maana hapa unakwenda kumvua mtu nguo mbele ya shemeji zake kwa kosa ambalo hakulifanya.

Mwanaume mwenye nyumba ndogo hashonei viatu. Hauzi gari, ananunua. Hiyo orodha uliyoniandikia kama ushahidi wa uzinzi ni orodha ya mtu aliyebanwa na rejesho la milioni moja na laki moja kila mwezi, na ambaye pengine ameshaiona hiyo karatasi kabla yako, akaikunja, akaitia mfukoni kwa sababu hakujua aanzie wapi kukueleza. Mimi niko upande wake, na hesabu iko upande wake pia. Tuifanye pamoja.

Milioni 80 kwa asilimia 16 ni riba ya 12,800,000 kwa mwaka. Gawa kwa 12, unapata 1,066,667 kwa mwezi. Mumeo alipolipa rejesho la kwanza la 1,113,005, benki ilikata kwanza riba yake, hiyo 1,066,667. Kilichobaki, 46,338, ndicho kilichopunguza deni. Mwezi wa pili riba ikapigwa kwenye deni lililopungua hizo 46,338, kwa hiyo iliyokwenda kwenye deni ilikuwa 46,956. Imeongezeka 618, nauli ya daladala. Endelea hivyo mwezi baada ya mwezi. Kufikia rejesho la 48, sehemu inayopunguza deni imepanda hadi kama 86,000. Jumlisha zote 48: ni 3,087,782. Toa kwenye milioni 80, unabaki na 76,912,218. Ni namba ileile uliyoikuta mfukoni, mpaka shilingi ya mwisho. Angeruka mwezi mmoja tu, isingelingana hivyo. Mumeo amelipa kila mwezi, kwa tarehe yake, kwa miaka minne. Milioni 50 na ushee unazozitafuta ni riba, imeshalipwa, haina mwanamke ndani yake.

Najua inauma. Rejesho halibadiliki, ndiyo maana watu hudhani deni nalo linashuka kwa mwendo mmoja. Halishuki hivyo. Miaka ya mwanzo deni ni kubwa, basi riba ni kubwa, basi kinachobaki cha kulipunguza ni kidogo. Kwa mkopo wenu huu, ni mpaka mwaka wa 16 ndipo nusu ya rejesho itaanza kwenda kwenye deni lenyewe. Na deni litafika nusu, yaani milioni 40, mkiwa mmekaribia kumaliza mwaka huohuo wa 16. Nusu ya pili italipwa kwa miaka minne na kidogo tu. Mkienda hadi mwisho mtakuwa mmelipa 267,121,200 kwa milioni 80 mlizokopa. Ongeza milioni 20 zenu za mwanzo, nyumba ya milioni 100 imewatoka milioni 287. Hapo sijahesabu bima ya maisha na bima ya moto wanazodai kila mwaka, wala gharama za mthamini na wakili mlizolipa siku ile.

Haya yote yako kwenye jedwali la marejesho. Lina safu ya tarehe, rejesho, riba, deni la msingi na salio. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinaitaka benki ieleze gharama na masharti ya mkopo kabla ya mtu kusaini. Na wewe ulisaini, mwanangu. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Sheria ya Ndoa ya 1971 na Sheria ya Ardhi zote zinasema hivyo, na benki haikutoa milioni 80 bila saini yako. Kwa hiyo karatasi hizo ulizishika. Sema hukuzisoma.

Tuje kwenye sentensi uliyoipitisha haraka: yeye alitaka miaka 15, wewe ukasema tusijibane. Kwa miaka 15 rejesho lingekuwa 1,174,960. Tofauti ni 61,955 kwa mwezi, kama elfu mbili kwa siku. Jumla ya malipo ingekuwa milioni 211 na nusu badala ya 267. Huko kutokujibana kumegharimu milioni 55 na nusu, na aliyekataa kujibana si yeye. Kwa miaka 10 rejesho lingekuwa 1,340,105, jumla kama milioni 161 tu. Wengi wanaogopa kuulizia muda mfupi wakidhani rejesho litakuwa mara mbili. Halifiki huko. Kurefusha nako kunadanganya vilevile: mngechukua miaka 25, rejesho lingeshuka elfu 26 tu, na jumla ingepanda hadi milioni 326. Ukivuka miaka 15, kila mwaka unaoongeza unapunguza rejesho kidogo mno na kuongeza riba nyingi mno.

Sikwambii mlikosea kununua. Mngekuwa mmepanga, kodi ya miaka minne isingerudi, na milioni moja ya mwaka wa 15 haitakuwa na uzito wa milioni moja ya leo. Ila mtu anunue akijua bei.

Sasa fomu za mumeo. Hapa na yeye namvuta sikio. Kutafuta riba ya asilimia 14 ni akili nzuri. Kuanza upya miaka 20 ni mtego. Deni lenu la sasa, mkiendelea hivyo hivyo miezi 192 iliyobaki, litawatoka 213,696,960. Mkihamia kwa asilimia 14 kwa miaka 20 mipya, rejesho ni 956,420 mara 240, sawa na 229,540,800. Riba imeshuka, rejesho limeshuka, na bado mnalipa karibu milioni 16 zaidi, kwa sababu mmerudi kwenye mstari wa kwanza wa jedwali na miaka minne mliyoilipa mmeitupa. Afisa mikopo atawaonyesha rejesho tu, maana ndilo linalofurahisha macho. Ninyi ulizeni jumla.

Kwa hiyo usikatae kusaini. Saini kwa sharti. Hamisheni, lakini muda usizidi miezi 192 iliyobaki, na mkiweza endeleeni kulipa 1,113,005 ileile mliyoizoea. Kwa asilimia 14 deni litaisha kwa miezi 142, yaani miaka 11 na miezi 10, na mtakuwa mmeokoa kama milioni 56. Kutoka humo toeni gharama za kuhama: ada ya benki mpya, mthamini, wakili, kufuta rehani ya zamani na kuandikisha mpya, na faini ya kumaliza mkopo mapema kama mkataba wenu unayo. Benki zote mbili ziwaandikie gharama hizo kwa maandishi, mzijumlishe. Zikipita milioni kadhaa bado inalipa, lakini mzijue kabla. Ulizeni pia kama hiyo asilimia 14 ni ya kudumu au ni ya mwaka wa kwanza, maana mikataba mingi inaipa benki ruhusa ya kubadilisha riba.

Kabla ya kuhama, mumeo aende kwanza benki yenu ya sasa na ofa hiyo mkononi, aombe washushe riba. Mteja wa miezi 48 bila kukosa hawapendi kumpoteza. Wakikubali, mmeokoa gharama zote hizo.

Na kikoba. Unasema anakionea wivu. Mimi naona anakitazama kama mtu mwenye kiu anavyotazama mtungi. Mwaka jana uliweka 2,600,000, ukapata faida ya 150,000. Pesa haikukaa yote mwaka mzima. Ya wiki ya kwanza ilikaa mwaka, ya wiki ya mwisho siku chache. Kwa wastani ni kama 1,300,000 iliyokaa mwaka mzima, basi faida yako haifiki asilimia 12. Wakati huohuo ndani ya nyumba hiyohiyo mnalipa asilimia 16. Unapanda mahindi shambani kwa jirani huku lako linaliwa na nyani.

Peleka 200,000 kwa mwezi kwenye mkopo, hapo hapo mlipo, kwa riba ileile ya 16. Deni litaisha kwa miezi 115 badala ya 192. Miaka zaidi ya sita inafutika, na zaidi ya milioni 60 zinabaki kwenu. Kinachobaki cha hizo 50,000 za kila wiki endelea nacho kikobani. Msiba na ugonjwa havisubiri benki, na kikoba kina undugu wake ambao sikushauri uuvunje.

Lakini hapa watu wengi hupoteza. Ukiingiza pesa ya ziada kwenye akaunti ya mkopo bila maelezo, benki inaweza kuiacha pale kama rejesho la mwezi ujao lililotangulia. Inakaa tu, riba inaendelea kupigwa kwenye deni lote. Andikeni barua, ipokelewe na kugongwa muhuri, iseme: pesa hii ipunguze deni la msingi, rejesho libaki lilelile, muda ndio upungue. Msikubali rejesho lipunguzwe na muda ubaki, faida kubwa inaishia hapo. Ulizeni kama kuna ada ya kulipa sehemu ya mkopo kabla ya muda na kiwango cha chini wanachopokea. Kama ni kikubwa, kusanyeni miezi mitatu mitatu. Kila baada ya malipo ombeni jedwali jipya, mtazame safu ya salio. Isiposhuka kwa kiasi mlichopeleka, rudini siku hiyohiyo.

Niseme na wengine mnaosoma. Ndoa za siku hizi mtu anajua mwenzake alionekana saa ngapi mara ya mwisho WhatsApp, na hajui mshahara wake unaingia kiasi gani baada ya makato. Mnapekua simu na hampekui mkataba. Zamani watu walijenga tofali kwa tofali. Mke aliona msingi, akaona kuta, akaona bati, akajua pesa imekwenda wapi. Nyumba ya mkopo inakuja imekamilika na rangi juu, mnahamia na makochi, na tofali zinalipwa gizani kwa miaka 20 na mtu mmoja anayenyamaza. Kimya hicho ndicho kinachozaa nyumba ndogo za kufikirika. Na ninyi wanaume, kukunja karatasi ya benki na kuificha kwenye koti si ushujaa. Mke asiyejua deni hawezi kukusaidia kulibeba, atakusaidia kulikuza tu, tena kwa nia njema.

Mwanangu wa Goba, talaka unayoitaja nayo ina hesabu: nyumba iko rehani, na mkigombana hadi rejesho likakwama, benki haitauliza nani alianza. Itatoa notisi ya siku 60 kisha itauza.

Piga simu leo kwa kaka zako, waambie kikao cha Jumamosi hakipo, na uwaambie kwa nini, ili jina la shemeji yao lisafishwe na mdomo uleule uliolichafua. Jumamosi hiyo mkae wawili, watoto wakiwa wamelala, na vitu vitatu mezani: mkataba, jedwali la marejesho, na daftari lako la kikoba. Anza wewe. Mwambie uliikuta karatasi, mwambie ulichomdhania, halafu msogezee daftari.

Shangazi