Taa wa madoa hatagi, anazaa, na watoto wake wanakulia mikokoni

Mkuu, umeuliza kuhusu yule samaki taa mkubwa wa madoa uliyemwona akishushwa Mikindani, huku kwetu pwani ya Mtwara, kabebwa na watu wanne: anataga wapi, na kwa nini ukiingia mikokoni unakuta vitoto tu. Mimi nimekulia Msimbati na nimevuta jarife, ule wavu mkubwa wa kutega, na mjomba wangu miaka sita kabla sijaingia kwenye kununua samaki, kwa hiyo nitakujibu kwa niliyoyaona na niliyokuja kuyasoma baadaye.

Hatagi. Ile mifuko myeusi yenye nyuzinyuzi ambayo bahari huitupa ufukweni ni mayai ya aina fulani za papa. Huyu wetu anazaa kama mbuzi anavyozaa. Nilijua siku tulipompasua jike mmoja mchangani, upana wake ulikaribia mikono yangu miwili iliyonyooshwa. Kisu kilipofika tumboni yakatoka majimaji mazito, meupe kama tui la kwanza, halafu vitoto vitatu. Kila kimoja kilikuwa kimejikunja, mbawa zimepandiana mgongoni kama jani la mgomba lililofungia kitu, mkia umezungushwa. Nilishika mkia wa kimoja nikatafuta mwiba: ulikuwepo, ila umevikwa kiganda laini, ndiyo maana haumchomi mama. Madoa yalikuwa yameshatokea, meusi, mengi. Mjomba aliacha kisu, akavichukua vyote akaviweka kwenye maji ya magotini. Viwili vilizama. Kimoja kilipiga mbawa mara mbili tatu kikaondoka.

Yale majimaji meupe ni chakula. Mtoto huanza kwa kula kiini cha yai lake humo humo tumboni, kikiisha mama anatoa maziwa kutoka kwenye ukuta wa tumbo la uzazi na mtoto anayanywa. Mzigo wote huo ni kwa watoto wasiozidi watano. Changu anamwaga mayai maelfu kwa maelfu, taa anakupa watatu. Shika hapo, nitaparudia.

Jina lake la kitabuni ni Himantura uarnak. Mtaalamu wa viumbe, Peter Forsskål, alimwandika kutoka Bahari ya Shamu, kitabu kikatoka mwaka 1775, na hilo neno uarnak ni jina la Kiarabu la samaki huyuhuyu. Akiwa mdogo ana vidoa vilivyotengana; akikua vinabanana mpaka mgongo unaonekana kama sega la nyuki. Mkia mwembamba kama mjeledi, una pingili nyeusi na nyeupe, na unaweza kufika mara tatu ya upana wa mwili. Upana wenyewe unafika mita moja na nusu, uzito unapita kilo 100. Ana ndugu anayefanana naye sana, Himantura leoparda, mwenye madoa ya duara yaliyo wazi katikati. Huyo alipewa jina lake mwaka 2008 tu, kwa hiyo usishangae wavuvi wakiwaita wote jina moja.

Sasa kuhusu mikoko. Kule kwenye mlango wa mto Ruvuma, na kwenye mahori ya Mnazi Bay, yaani vijito vya bahari vinavyoingia nchi kavu, maji ni mafupi na yana tope, papa wakubwa hawaingii kirahisi, na kaa wadogo na kamba wamejaa. Mtoto wa taa anataka nini zaidi? Anakaa humo mpaka apate mwili. Wakubwa wanaishi nje, kwenye mchanga ulio kando ya miamba, hadi kina cha mita 50 hivi, ila maji yakijaa wanapanda kwenye mafungu ya mchanga kula. Hilo unaweza kulithibitisha bila kumwona samaki mwenyewe. Siku za bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana kuliko kawaida, yakishapwa tembea kwenye fungu utakuta mashimo ya mviringo kama beseni, mchanga umetupwa pembeni, na mara nyingi ndani yake kuna vipande vya magamba ya chaza. Taa anapuliza maji kwa mdomo na kupiga mbawa mpaka mchanga unatoka, kisha anasaga chaza kwa meno yake bapa. Macho yako juu na mdomo uko chini, hawezi kuona anachokula. Ana vitundu kuzunguka mdomo vinavyohisi umeme mdogo wa kiumbe aliyejificha mchangani. Akijizika mwenyewe anavuta maji kwa matundu mawili nyuma ya macho ili asimeze mchanga.

Nirudi kwa wale watatu. Jike wa aina hii anachukua miaka kabla ya kuzaa mara ya kwanza, na anazaa wachache. Sisi tulikuwa tunatega jarife mlangoni mwa hori, jioni, maji yakijaa, kwa sababu ndiko samaki walikopita. Tulikuwa tunakamata mama na kuwaziba watoto njia kwa wavu mmoja. Hifadhi ya bahari ya Mnazi Bay na mlango wa Ruvuma ipo tangu mwaka 2000, lakini jarife linategwa usiku. Wenye nyavu wanaosoma hapa, ndugu zangu, sogezeni jarife mbali na milango ya mahori. Na jike mwenye tumbo lililotuna akiwa bado hai, mrudisheni.

Kwa wachokoaji wa pweza: usinyanyue miguu, iburuze, taa akihisi mchanga unatikisika ataondoka. Ukichomwa, loweka mguu kwenye maji ya moto unayoweza kuvumilia, saa moja au zaidi, kwa sababu sumu yake inaharibiwa na joto. Mjomba alichomwa kifundoni, alikuwa analia kama mtoto. Beseni la tatu la maji ndipo alipoweza kuongea. Halafu nenda hospitali hata kama maumivu yameisha, mwiba una meno kama msumeno na vipande hubaki ndani. Ukiingia kifuani au tumboni usiuchomoe, kimbizeni mtu na mwiba wake.