Una siku moja tu Da Nang? Nenda Hoi An, na mto usiuache

Dada aliyeanzisha uzi anasema atakuwa Da Nang, Vietnam, kikazi, ana siku moja huru, na hotelini wanamuuzia ziara ya kutwa yenye mwongozaji: asubuhi vijiji na vijito, alasiri mji wa kale wa Hoi An. Waliotangulia kuchangia wamemshauri aachane nayo, akodi gari ajipeleke mjini mwenyewe, maana mambo ya vijitoni ni kupoteza muda. Mimi nimekwenda Hoi An kwa njia zote mbili, peke yangu na kwa ziara, na kwa hili napingana nao moja kwa moja. Kama muda haukutoshi, kata maduka na mafundi cherehani. Mto usiukate.

Sababu yangu ni hii. Hoi An ni mji uliozaliwa na mto, na mto huohuo ndio uliomaliza biashara yake. Uko kiasi cha kilomita 30 kusini mwa Da Nang, karibu na pale mto Thu Bon unapoingia baharini. Kuanzia karne ya 15 hadi ya 19 ilikuwa bandari kubwa. Majahazi ya China na Japani yaliteremka na upepo wa kaskazini mashariki, wafanyabiashara wakakaa miezi wakiuza na kununua, wakangoja upepo ugeuke utoke kusini ndipo warudi kwao. Sisi wa pwani hatuhitaji kuelezwa sana: ni pepo za msimu, kaskazi na kusi, zilezile zilizojenga Kilwa, Mombasa na Unguja. Watu waliongoja upepo walihitaji pa kulala, pa kuweka mali na pa kusalia, na hizo ndizo nyumba, maghala na mahekalu unayokwenda kuyaona leo.

Kabla ya Wavietnamu, pwani hiyo ilikuwa ya ufalme wa Champa. Wanajiografia wa Kiarabu wa zamani waliiita Sanf, na udi wake ulikuwa na jina kubwa katika masoko ya Waarabu. Kila nikifukiza udi nyumbani nakumbuka kwamba milima iliyo nyuma ya Hoi An ilikuwa moja ya asili zake.

Sasa turudi kwenye ziara. Kwa kawaida wanakuchukua hotelini saa moja au saa mbili asubuhi. Nyingi zinaanzia Tra Que, kijiji cha bustani za mboga kati ya mto De Vong na bahari. Mnapewa baiskeli, mnapita kati ya matuta ya mnanaa, giligilani na mboga ambazo hata majina sikuyajua. Ardhi ni mchanga mtupu, na wanairutubisha kwa mwani wa majini wanaouzika chini ya udongo. Mwaka 2024 shirika la utalii la Umoja wa Mataifa liliitaja Tra Que miongoni mwa vijiji bora vya utalii duniani, kwa hiyo usitegemee kuwa peke yako. Saa moja inatosha pale.

Cam Thanh ndiko ningekuomba utulie. Ni eneo la maji ya chumvi nusu, karibu na mlango wa mto, lililojaa jamii ya mnazi isiyokuwa na shina la kusimama. Shina lake linatambaa chini ya tope, na kinachoonekana juu ni makuti marefu yanayochomoza kutoka majini kupita kimo cha mtu mara kadhaa. Wenyeji wanaezekea nyumba zao kwa makuti hayo. Mizizi inashika tope lisichukuliwe na maji, na katikati yake kamba, kaa na samaki wadogo wanapata pa kukulia. Wakati wa vita na Wafaransa, na baadaye na Wamarekani, wapiganaji walijificha humo, na ukiingia ndani ya vijito vyake unaona mara moja kwa nini. Mita chache tu kutoka njia kuu, humwoni mtu na mtu hakuoni.

Mnaingia kwa vyombo vya duara vilivyosukwa kwa mianzi, mfano wa tenga kubwa, na kuzibwa nyufa kwa utomvu wa mti. Chombo hakina mbele wala nyuma. Anayeendesha anakaa upande mmoja na kasia moja, analichezesha majini kwa mkono uliozoea, na chombo kinakwenda anakotaka. Aliyetuchukua sisi alikuwa mama wa makamo, mke wa mvuvi. Mwongozaji wetu, binti wa kijiji hichohicho, alikuwa akimtafsiria. Nilimuuliza yule mama kwa nini hawatumii mtumbwi wa kawaida. Akasema chombo cha duara hakigongwi na wimbi kwa ubavu kwa sababu hakina ubavu, na mtu mmoja anaweza kukibeba mgongoni akakiweka juu pwani. Wavuvi wa pwani ile hadi leo wanakitumia kutoka ufukweni kwenda kwenye mashua zao kubwa. Kwangu, maelezo yale ya dakika tano yalikuwa na thamani kuliko jumba zima la makumbusho, na bila mwongozaji nisingeyapata, kwa kuwa sijui hata neno la Kivietnamu zaidi ya shukrani.

Ila kuna tahadhari, na hapa nawaunga mkono waliolalamika. Ukifika Cam Thanh saa nne au saa tano asubuhi, utakuta spika zinapiga muziki majini, vyombo vinazungushwa kwa kasi ili wageni wapige kelele, na foleni ya watu waliovaa kofia za makuti. Mtu aliyeonyeshwa hilo peke yake ana haki ya kusema amepoteza muda. Dawa yake ni maswali mawili kabla hujalipa. Uliza mnafika kwenye minazi saa ngapi, na jibu zuri ni kabla ya saa tatu. Kisha uliza kama mnapita kijito kikuu kwenye spika au vijito vidogo vya pembeni. Wakikujibu kwa kubabaika, tafuta kampuni nyingine. Na chukua kundi dogo. Watu wanane ni wengi tayari.

Baada ya hapo ziara nzuri inakupandisha mashua, mnapanda mto kuelekea mjini. Njiani kuna nyavu kubwa za kuinua, zimefungwa kwenye nguzo nne katikati ya maji. Usiku mvuvi anauzamisha wavu, anaungoja, kisha anauinua wote. Mkipata muda mnasimama Kim Bong, kijiji cha maseremala kwenye kisiwa cha Cam Kim. Mafundi wa huko walichonga mbao za nyumba nyingi za mji wa kale, na bado wanatengeneza mashua. Kama kuna nafasi ya kituo kimoja tu, mimi naichagua Kim Bong kuliko Thanh Ha kwenye wafinyanzi, ingawa Thanh Ha nako wanatengeneza vigae vya mapaa utakayoyaona mjini.

Ingia mjini baada ya saa tisa alasiri. Jua limepungua, na kuanzia hapo hadi usiku magari na pikipiki haziruhusiwi katika mitaa ya ndani. Tiketi ya mgeni ilikuwa dong 120,000, chini kidogo ya dola tano, na inakuruhusu kuingia sehemu kadhaa utakazochagua. Ushauri wangu wa kuchagua: nyumba ya Tan Ky kwanza. Mbele yake inatazama mtaa, nyuma inafungukia mto, nyembamba na ndefu sana. Bidhaa zilipakuliwa majini zikaingia kwa mlango wa nyuma, zikauzwa kwa mlango wa mbele. Ukiwa umetoka kupanda mto asubuhi hiyo, ramani ya nyumba inajieleza yenyewe. Ukutani wameweka alama za mafuriko, ikiwemo ya mwaka 1964 iliyo juu ya kichwa cha mtu. Nyumba ya Phung Hung ina tundu darini lenye kifuniko, la kupandishia mali ghorofani maji yanapoingia.

Halafu ukumbi wa watu wa Fujian, ambako wafanyabiashara wa Kichina waliomba kwa Thien Hau, mlinzi wa mabaharia. Na Daraja la Kijapani, linalonasibishwa na Wajapani waliokaa pale mwishoni mwa karne ya 16. Miaka ya 1630 watawala wa Japani walipowakataza raia wao kusafiri nje, jumuiya ile ilififia, daraja likabaki. Limefanyiwa ukarabati mkubwa na kufunguliwa tena Agosti 2024. Picha yake iko kwenye noti ya dong 20,000, uitoe mfukoni ulinganishe.

Mji wenyewe ulinusurika kwa sababu ulifilisika. Katika karne ya 19 mto ulijaa mchanga, meli kubwa zikashindwa kuingia, biashara ikahamia Da Nang. Hapakuwa na pesa ya kubomoa na kujenga upya. Mwaka 1999 UNESCO ikauweka kwenye orodha ya urithi wa dunia, mwaka mmoja kabla ya Mji Mkongwe wa Zanzibar. Katika bustani moja ya mji wa kale utaona sanamu ya Kazimierz Kwiatkowski, msanifu majengo wa Poland aliyewashawishi wakuu wa mkoa wauhifadhi mji. Simama hapo kidogo, anastahili.

Chakula. Kwa Waislamu wenzangu: cao lau, tambi maarufu za mji huo, zinawekwa nyama ya nguruwe, na supu nyingi hivyohivyo. Mwambie mwongozaji siku moja kabla, si mezani. Samaki na kamba hawakosekani, migahawa ya Kihindi ipo, na palipoandikwa "chay" ni chakula kisicho na nyama kabisa. Mimi nilikula samaki aliyefungwa kwenye jani la mgomba akachomwa, na sikutamani kingine.

Majira ndiyo yanayoamua kila kitu. Februari hadi Aprili ni pazuri. Juni hadi Agosti pana joto kali, kofia na maji ya kunywa ni lazima. Oktoba na Novemba ni miezi ya mafuriko. Mwishoni mwa Oktoba 2025 mji wa kale ulizama vibaya na watu wakapita mitaani kwa mashua. Miezi hiyo usilipe ziara ya mto mapema bila sharti la kurudishiwa pesa, na usikubali kupanda chombo mto ukiwa umejaa, hata mwongozaji akikuhakikishia.

Ukiweza kuchagua tarehe, lenga siku ya 14 ya mwezi wao mwandamo, wanapozima taa za umeme mji ukabaki na fanusi. Kwa kalenda yetu ya Kiislamu inaangukia kwenye tarehe 12 au 13. Ni usiku wa watu wengi sana, kwa hiyo gari la kurudi Da Nang liagize mapema na mpange kukutana nje ya mitaa iliyofungwa.

Kwa wengine wanaosoma: tangu Agosti 2023 viza ya mtandaoni ya Vietnam iko wazi kwa raia wa nchi zote, siku 90, dola 25 kwa kuingia mara moja. Ombeni kwenye tovuti ya serikali yenyewe, mawakala wanaongeza bei.

Dada, ukishajua ni mwezi gani unakwenda, andika hapa pamoja na ratiba waliyokupa hotelini. Nitaipitia kituo kwa kituo nikwambie kipi cha kubakiza.