Kigong'ota mkubwa wa kijivu wa Asia: je, msitu uliovunwa unamtosha?

SWALI

Shikamoo mtaalamu. Mimi ni mwanafunzi wa misitu, mwaka wa pili, niko Morogoro. Tumepewa kazi ya kuchagua ndege mmoja wa misitu ya Asia na kueleza makazi yake, chakula chake na namna ya kumtambua. Nimemchagua kigong'ota mkubwa wa kijivu, Mulleripicus pulverulentus. Kila ninaposoma nazidi kuchanganyikiwa. Huku wanasema anaishi misitu minene ya mvua, huku misitu inayopukutisha majani, kwingine mitiki, kwingine mikoko. Sasa ndege anayeishi kote huko anapunguaje? Na msitu uliovunwa magogo ukaachwa ukaota upya, unamtosha? Pia naomba kujua kwa nini kwetu hayupo, ilhali mikoko na mitiki tunayo.

JIBU

Marahaba. Orodha yako ya misitu ni sahihi yote, na ndiyo maana inakuchanganya. Ndege huyu hafuati majina tuliyoyapa misitu sisi watu wa fani. Anafuata umri wa miti. Penye miti mikongwe na minene, yenye matawi makavu na mashimo ndani ya shina, utamkuta. Miti hiyo ikiondoka, msitu unaweza kubaki kijani kabisa na yeye asiwemo. Ukilishika hilo, mengine yote uliyouliza yatajipanga.

Tuanze na eneo. Linaanzia chini ya milima ya Himalaya, kaskazini mwa India na Nepal, linapita Bhutan, Myanmar, Thailand, Laos, Kambodia na Vietnam, linagusa Yunnan huko kusini-magharibi mwa China, kisha linashuka rasi ya Malay hadi Sumatra, Java na Borneo. Mwisho wake mashariki ni kisiwa cha Palawan nchini Ufilipino. India na Nepal anakaa kwenye misitu ya mti uitwao sal, Shorea robusta, na Hifadhi ya Corbett jimboni Uttarakhand inajulikana sana kwa ndege huyu. Kambodia yumo kwenye misitu ya wazi inayopukutisha majani wakati wa kiangazi. Borneo yumo kwenye misitu ya mvua ya nyanda za chini na kwenye misitu ya vinamasi.

Tazama sasa miti inayotawala sehemu hizo. Karibu kote ni familia moja, Dipterocarpaceae, na sal ni wa familia hiyohiyo. Ni miti inayopanda wima, na katika misitu ya mvua hupita mita 40 kwa urahisi. Ndiyo hiyohiyo inayouzwa duniani kwa majina ya biashara kama meranti na keruing. Kwa hiyo kigong'ota huyu na mfanyabiashara wa mbao wanautafuta mti mmoja, tena wenye unene uleule.

Mitiki unayoisoma vitabuni ni ya asili, ya Myanmar na Thailand, iliyochanganyika na miti mingine na yenye mizee ndani yake. Usiifananishe na shamba la mitiki kama la Longuza huko Muheza, ambako miti ni ya rika moja na huvunwa kabla haijapata uzee. Mikoko huitumia, lakini ngome yake ni msitu wa nchi kavu wa nyanda za chini. Katika kazi yako usiiweke mikoko sawa na misitu ya dipterokapi, yaani miti ya familia hiyo ya Dipterocarpaceae.

Chakula ndicho kinachoeleza haya yote. Kikuu ni sisimizi. Huongezea mchwa, mabuu ya mbawakawa wanaotoboa miti, na nyuki wadogo wasiouma, wa jamii moja na wale ambao wafugaji wetu wanawathamini kwa asali yao ya dawa. Matunda madogo hula mara chache. Hugonga kwa nguvu, hubandua magome na kupanua mlango wa kiota cha wadudu kwa mdomo, kisha huchomeka ulimi mrefu na kuvuta alichokifuata. Viota vya nyuki hawa huwa ndani ya mashimo ya miti, na mashimo makubwa hupatikana kwenye miti iliyokaa miaka mingi, ikavunjika tawi, ikaingiwa na ukungu, ikaoza kiini. Mti kijana wa dipterokapi, hata ukiwa na afya njema kiasi gani, hauna karamu hiyo.

Hapa kuna jambo ambalo wanafunzi wengi hulipita haraka, nami nakusihi usilipite. Vigong'ota wengi huishi wawiliwawili au peke yao. Huyu hutembea kwa kundi, aghalabu la ndege watatu hadi sita. Martjan Lammertink, mtaalamu wa vigong'ota kutoka Uholanzi, aliwafuatilia huko Kalimantan Magharibi, upande wa Indonesia wa Borneo, na mwaka 2004 akachapisha matokeo yanayoonyesha kwamba baadhi ya makundi yana wasaidizi: ndege wazima wasio wazazi wanaosaidia kulea makinda. Hali hiyo inaendana na chakula chenyewe. Kiota cha sisimizi au cha nyuki ni chakula kingi mahali pamoja, kinawatosha ndege kadhaa kwa mara moja, hivyo hakuna haja ya kufukuzana. Ila kiota kinachofuata kiko mbali. Kundi linaondoka, linaruka juu ya msitu mwendo mrefu hadi mti mwingine mkubwa. Ndiyo kusema kundi moja linahitaji eneo pana sana, na ndani ya eneo hilo miti mikongwe iwe mingi, iliyotawanyika.

Sasa msitu uliovunwa. Unamhifadhi, lakini wachache mno kuliko msitu ambao haujaguswa. Lammertink na wenzake walichapisha mwaka 2009 utafiti kuhusu kupungua kwa spishi hii, na mwaka 2010 Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Mazingira Asilia (IUCN) likamweka katika kundi la spishi zinazokabiliwa na hatari ya kutoweka porini. Sababu utaiona mwenyewe ukikumbuka somo la uvunaji. Kanuni zetu huweka kipenyo cha chini, kilichopimwa kwenye urefu wa kifua, ambacho mti usipokifikisha haukatwi. Ni kanuni nzuri kwa uotaji upya wa mbao. Kwa ndege huyu ni kinyume, kwa kuwa inaondoa hasa tabaka la miti analoishi nalo na kumwachia ile isiyomfaa. Kisha mzunguko wa uvunaji unarudi kabla iliyobaki haijazeeka. Ramani ya satelaiti itasema msitu upo, na itakuwa kweli, huku vigong'ota hawa wamekwisha kuhama au kufa bila kuacha kizazi.

Hata kwa kiota anahitaji mti wa namna hiyo. Huchimba shimo lake juu sana, mara nyingi zaidi ya mita 10 kutoka ardhini, kwenye shina au tawi nene lililoanza kufa. Hutaga mayai 2 hadi 4. Ndege wa ukubwa wake hawezi kulea kwenye shina jembamba, hata lingekuwa na sisimizi tele. Ndiyo maana msitu unaovunwa kwa kuacha makusudi baadhi ya miti mikongwe, na kuyaacha magogo makavu yasimame badala ya kuyaangusha kwa jina la usafi, unaweza kuendelea kuwa na makundi kadhaa. Hilo ningelitaka liwe sentensi ya kwanza katika sehemu yako ya mapendekezo.

Kumtambua si kazi ngumu. Ana urefu wa sentimita 48 hadi 58 na uzito wa gramu 360 hadi 563. Kigong'ota mwenye ndevu, Chloropicus namaquus, ambaye ni mmoja wa wakubwa wetu Afrika Mashariki, hafiki sentimita 30. Kati ya vigong'ota ambao kuwepo kwao leo hakuna shaka, huyu ndiye mkubwa kuliko wote. Aliyemzidi ni kigong'ota wa kifalme wa milima ya Mexico, ndege wa misitu mikongwe ya misonobari, ambaye mara ya mwisho kuthibitishwa ni mwaka 1956. Yeye naye alipunguzwa na misumeno, pamoja na bunduki.

Mwili wa ndege wako ni kijivu kizito karibu wote, kama wingu la mvua ya masika, na koo lake ni la manjano hafifu. Dume ana baka jekundu shavuni, chini ya jicho karibu na mdomo, jike hana. Wadogo ni wa kahawia zaidi, wenye madoadoa meupe. Hana kishungi. Shingo ni ndefu na nyembamba, mkia mrefu, mdomo mrefu na mnene wenye ncha ya patasi, hivyo umbo lake akiwa amejibana kwenye shina halifanani na la kigong'ota uliyemzoea. Akiruka hapandi na kushuka kama wenzake, bali huenda moja kwa moja na polepole, mithili ya kunguru. Sauti ni mlio mkali wa kurudiarudia, unaosikika mbali, na kwa kawaida kundi husikika kabla halijaonekana.

Katika misitu hiyohiyo yupo kigong'ota mwenye tumbo jeupe, Dryocopus javensis, naye ni mkubwa, na mara nyingine huonekana wakila karibukaribu. Huyo ni mweusi, ana tumbo jeupe na kishungi chekundu. Ukizitaja alama hizo mbili, tumbo na kishungi, hakuna msomaji atakayewachanganya.

Kuhusu kwetu: vigong'ota ni wabovu wa kuvuka bahari. Madagaska hawapo kabisa, wala New Guinea, wala Australia. Hata huyu wako, aliyefika Borneo, hakuvuka kwenda Sulawesi, kisiwa kilicho mashariki yake. Huko yupo ndugu yake, Mulleripicus fulvus. Jenasi yake ni ya Asia, na kati ya misitu yake na yetu kuna bahari na jangwa. Mti wa Asia tunaweza kuupanda Muheza, lakini ndege wake haufuati. Sisi tuna wetu waliotokea barani humu, kama kigong'ota wa Mombasa, Campethera mombassica, mla sisimizi wa misitu ya pwani. Ukifika msitu wa Arabuko-Sokoke, pwani ya Kenya, una nafasi nzuri ya kumwona.