Fulana Isiyokukaa Usiende Nayo Vitani

Mwaka 1950 jenerali mmoja wa Marekani alimfukuza Marguerite Higgins, mwandishi wa habari za vita, nchini Korea, akidai kwamba mstari wa mbele hauna huduma za wanawake. Higgins alikata rufaa kwa Jenerali MacArthur, mkuu wa majeshi huko, amri ikafutwa, na mwaka 1951 akawa miongoni mwa waliopewa Tuzo ya Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari Marekani. Siku hizi kizuizi kinakuja kwa sura nyingine: vifaa na mipango iliyokadiriwa kwa mwili wa mwanamume, ambayo mwandishi wa kike huipokea kimya asije akaitwa msumbufu. Sumbua, tena kabla ya kusafiri.

Anza na fulana ya kuzuia risasi. Ivae ikiwa na mabamba yake magumu ya mbele na nyuma, kisha simama, kaa, chuchumaa, lala kifudifudi. Ukingo wa juu wa bamba la mbele ukae usawa wa kile kishimo kilicho chini ya koo, kati ya mitulinga. Fulana kubwa hushuka ukisimama na kuacha wazi mishipa mikubwa iliyo juu ya moyo. Ukikaa garini, bamba hupanda likakukaba. Matiti nayo husukuma bamba mbele, pande zikabaki na mwanya chini ya kwapa. Omba mabamba mafupi zaidi au yaliyopinda, na kaza mikanda ya mabega kwanza, ya kiunoni baadaye. Bila mabamba, fulana laini huzuia risasi za bastola na vipande vya mabomu, si za bunduki. Bamba la kauri lililoanguka sakafuni usiliamini kwa macho, kwani ufa huwa ndani. Mzigo wote hufika kilo 10 au zaidi, hivyo zoea kukimbia nao.

Mkanda wa kuzuia damu (tourniquet) ubebe mahali ambapo mkono wowote, wa kulia au wa kushoto, unaufikia. Mkono au mguu ukivuja damu kwa kasi, uweke sentimita 5 hadi 7 juu ya jeraha, upande wa kuelekea kiwiliwili, usikae kwenye goti wala kiwiko, zungusha kijiti chake mpaka damu ikome, andika saa, na usiulegeze. Unauma sana. Wengi huishia njiani kwa kumhurumia majeruhi, naye huendelea kutoka damu.

Jambo linalokwepwa zaidi kwenye vikao vya maandalizi ni ubakaji. Dawa za PEP za kukinga VVU zianzwe ndani ya saa 72, na mapema zaidi ndiyo bora. Vidonge vya dharura vya kuzuia mimba, ndani ya siku 5. Ulizia kabla ya safari vinapatikana wapi huko uendako, au vibebe. Kisha mchague mhariri mmoja atakayeambiwa, na mkubaliane kwa maandishi kwamba kusema hakutakunyang'anya kazi. Hofu ya kurudishwa nyumbani ndiyo inayowafunga wengi midomo, na saa 72 zinapita.

Ratiba ya mwandishi kupiga simu kusema yuko salama karibu kila chumba cha habari kinayo. Kinachokosekana ni hatua inayofuata simu isipopigwa: baada ya dakika ngapi, nani ampigie nani, na nani ana ruhusa ya kutuma gari. Yaandikwe, nakala abaki nayo mhariri wa zamu ya usiku.